Baroni Decken na Mji wa Ngome Ukingoni mwa Mto Juba

Msomaji aliyewahi kupita kule Diff, mpakani kabisa mwa Wajir na nchi ya Somalia, hapana shaka amemwona hondohondo wa nchi kavu. Ni ndege wa umbo la wastani, mgongo mweusi na kifua cheupe, na dume lake hujulikana kwa mdomo mkubwa mwekundu ambao nchani hugeuka rangi ya manjano. Jike mdomo wake ni mweusi mtupu. Huruka mgunga hadi mgunga akitafuta panzi, wala hajali joto. Ndege huyo wataalamu wa elimu ya wanyama wamempa jina la mtu. Wamemwita hondohondo wa Decken, na Decken huyo ndiye ninayetaka kumweleza leo, kwani maisha yake yalianzia Ulaya, yakapita Unguja, Kilwa, Mombasa na Kilimanjaro, yakaishia katika mji mmoja mdogo wa ngome ukingoni mwa mto Juba.

Baroni Karl Klaus von der Decken hakufika Diff. Alikufa Bardera, ambako kutoka Diff ni zaidi ya kilomita 150 kuelekea kaskazini mashariki. Lakini mimi nilipokuwa Diff kwa shughuli zangu za mifugo niliona jinsi wenyeji wanavyoutaja mji wa Bardera kwa wepesi, kama vile mtu wa Mombasa anavyotaja Malindi. Ngamia huenda, watu huoana, na habari za bei hufika upesi kuliko gazeti. Ukiitazama ramani ya sasa utaona mstari ulionyooka kama uzi wa fundi seremala umepita kando ya Diff na kuutenga mji huo na mto. Mstari huo ni wa juzi tu. Mpaka mwaka 1925, Waingereza walipowapa Waitaliano nchi ya Jubaland, mpaka wa Kenya ulikuwa mto Juba wenyewe, na ng'ambo ya Bardera palikuwa na ngome ya Waingereza iitwayo Serenli. Ngome hiyo nayo ina kisa chake: mwezi wa Februari 1916 Wasomali wa Aulihan, chini ya Abdurrahman Mursaal, waliivamia wakamwua Luteni Elliott aliyeiongoza pamoja na askari wake wengi. Pande zote mbili za maji, basi, mahali hapo pamejengwa kwa ajili ya kujihami, na pande zote mbili pamemwagika damu.

Kwanza nieleze Bardera yenyewe, kwa sababu bila kuujua mji huo mtu hawezi kufahamu kilichompata Baroni.

Jina lake kwa Kisomali ni kama kusema mkoma mrefu. Hesabu nyingi zasema ulianzishwa mwaka 1819 na Sheikh Ibrahim Hassan Jeberow, mtu wa dini aliyetafuta mahali pa kuishi na wafuasi wake mbali na watawala waliokuwa hawataki mafundisho yake. Akachagua ukingo wa mto. Penye mto pana kilimo, na penye kilimo wanafunzi hawafi njaa. Nyumba zikazungukwa na boma na kuta, na watu wa kabila mbalimbali wakahamia humo kwa sababu ya dini wala si kwa sababu ya ukoo. Mji wa namna hiyo Wasomali huuita jamaa.

Masheikh waliomfuata mwanzilishi waliikaza kamba. Walikataza tumbaku. Walikataza ngoma. Wanawake waliamrishwa kujisitiri. Na jambo lililowatikisa wafanyabiashara kuliko yote, walikataza biashara ya pembe za ndovu, kwa hoja kwamba ndovu ni najisi. Sisi wa madhehebu ya Shafi hatuwezi kusema kwamba hoja hiyo waliizua wao, kwani maneno ya wanavyuoni juu ya pembe ya mnyama mfu yamo katika vitabu vinavyosomwa misikitini mwetu. Lakini tunajua pia ni majumba mangapi ya mawe, kuanzia Baraawe hadi Kilwa, yaliyojengwa kwa faida ya pembe hizo hizo. Wazee wetu walisoma kitabu asubuhi na kupima pembe alasiri, nao hawakuona tabu. Watu wa Bardera waliona tabu, na waliposhika silaha walitaka na wengine waione.

Mwaka 1840 waliushambulia mji wa Baraawe wakaulazimisha kufuata kanuni zao. Baraawe msomaji anaijua. Ni mji wa pwani ya Banadir ambao watu wake husema Chimini, lugha iliyo dada ya Kiswahili chetu, na wengi wa ndugu zetu Wabarawa walihamia Mombasa baada ya Somalia kuvurugika mwaka 1991. Watu wa Baraawe hawakuweza kuyavumilia mambo hayo peke yao. Sultani Yusuf Muhammad wa Wageledi, aliyetawala Afgooye kwenye mto Shebelle, akakusanya jeshi ambalo wasimulizi hulihesabu kuwa watu 40,000. Mwaka 1843 akauzingira mji wa Bardera, akauteketeza kwa moto, na viongozi wake wakauawa. Baadaye watu walirudi kidogo kidogo wakaujenga upya. Wakati Baroni anafika, mtu yeyote wa mji huo mwenye umri wa miaka 30 alikuwa anaukumbuka ule moto.

Sasa tumrudie mtu wetu. Alizaliwa Kotzen, katika nchi ya Brandenburg, tarehe 8 Agosti 1833, katika ukoo mkubwa wa Hannover, ambayo siku hizo ilikuwa na mfalme wake. Alikuwa afisa wa jeshi mpaka mwaka 1860, akachoka na gwaride za wakati wa amani. Mali alikuwa nayo. Kijana mwenye mali na asiye na kazi ya kumshika, huko kwao siku zile, aliweza kuwa mlevi, au mcheza kamari, au msafiri. Heinrich Barth, yule Mjerumani aliyefika Timbuktu, alimpa moyo aje Afrika ya Mashariki.

Alifika Unguja mwaka 1860 akitaka kuungana na Mjerumani mwenzake, Albrecht Roscher, aliyekuwa ametangulia kwenda ziwa Nyasa. Kumbe Roscher alikwisha kuuawa huko tangu mwezi wa Machi. Wauaji wake waliletwa Unguja, na Sayyid Majid akaamuru wauawe mbele ya watu. Naomba msomaji alitie jambo hili akilini, maana ndivyo Baroni alivyoifahamu nchi hii mara ya kwanza: Mzungu akiuawa bara, mkono wa Sultani humfikia aliyemwua. Kwa upande wa Kilwa ilikuwa kweli. Kwingine haikuwa.

Akaondoka Kilwa kuifuata njia ya Roscher. Safari hiyo haikufika mbali, akarudi pwani bila ya kuliona ziwa. Wengi wangefunga virago. Yeye akageukia Mombasa.

Habari za Kilimanjaro ndizo zilizompa Baroni sifa, na kwa kweli sifa hiyo aliistahili. Mwaka 1848 Rebmann, mmisionari wa Rabai, aliuona mlima ule akaandika kwamba kileleni kuna theluji. Huko London alikuwako bwana mmoja mwenye elimu nyingi, Cooley, ambaye hakuwahi kukanyaga Afrika, naye akamkanusha Rebmann kwa ukali kwa sababu theluji karibu na ikweta haikuingia akilini mwake. Mabishano yakadumu zaidi ya miaka 10. Wachagga, ambao walikuwa wakiiona theluji hiyo kila asubuhi walipofungua milango yao, hakuna aliyewauliza.

Mwaka 1861 Baroni alikwenda na Richard Thornton, kijana Mwingereza mtaalamu wa mawe aliyekuwa ameachana na Livingstone. Walipanda kiasi cha mita 2,500, na hali ya hewa ikawarudisha. Walipima mlima kwa vyombo, wakachora ramani. Mwishoni mwa mwaka 1862 alirudi na Otto Kersten, akafika kiasi cha mita 4,280. Usiku ule theluji ikawaangukia wao wenyewe. Hapo pakawa hapana tena la kubishana, ingawa Cooley aliendelea kubisha. Kileleni hawakufika. Kazi hiyo ilimalizwa na Hans Meyer mwaka 1889. Lakini ziko barafu mbili upande wa kusini wa Kibo ambazo mpaka leo zimeandikwa majina ya Decken na Kersten, na zinazidi kupungua mwaka hata mwaka.

Baada ya hapo alizunguka visiwa vya Ngazija, Bukini na Réunion, akarudi Ulaya. Mwaka 1864 chama cha wanajiografia cha London kilimpa nishani ya dhahabu. Alikuwa na umri wa miaka 31. Nadhani ndipo lilipomwingia lile linalowaingia watu wengi waliofanikiwa upesi, yaani kufikiri kwamba kilichomzuia zamani kilikuwa uhaba wa vyombo tu. Kilimanjaro alipanda kwa miguu na wapagazi. Mara hii atakwenda kwa moshi.

Akaagiza merikebu mbili za moshi zijengwe Hamburg, moja kubwa na moja ndogo. Kubwa aliipa jina la Welf, ndilo jina la ukoo wa wafalme wa Hannover. Ndogo iliitwa Passepartout, neno la Kifaransa lenye maana ya kitu kipitacho popote. Zililetwa Unguja vipande vipande zikaunganishwa hapo. Watu wa Forodhani waliiona Welf ikichukua umbo mbele ya macho yao. Pamoja naye walikuwamo Wajerumani na watu wa kwao wengine: von Schickh, nahodha, Dokta Link, tabibu, Trenn, mchoraji, Brenner, aliyekuwa mwindaji na bwana miti, Kanter, fundi wa mitambo, na wengineo. Na walikuwamo watu wetu, mabaharia na watumishi waliochukuliwa Unguja, ambao vitabu vingi huwataja kwa jumla tu, kama vile mtu anavyotaja mizigo.

Katikati ya mwaka 1865 walifika mlangoni mwa Juba. Mlango huo mabaharia wa Lamu na Kismayu wanaujua: fungu la mchanga limeukinga, na mawimbi ya Bahari ya Hindi hujikusanya juu yake. Welf ilipita kwa taabu. Ile Passepartout, iliyopewa jina la kupita popote, ikapotea hapo hapo. Mimi si mtu wa kushika fali, lakini nahodha wa jahazi angelisita kidogo.

Hawakusita. Walipanda mto kupitia nchi ya Gosha, katikati ya msitu, penye vijiji vya watu waliokuwa wamewakimbia mabwana zao katika mashamba ya Banadir. Wengi wao asili yao ni huku kwetu chini. Wamo Wazigua ambao mpaka karne hii baadhi ya wajukuu zao wangali wanasema Kizigua kule Somalia. Watu hao walijenga ndani ya msitu ili wasifikiwe, na sasa merikebu ya chuma ilikuwa inapiga honi chini ya miti yao.

Kufikia Septemba Welf ilikuwa Bardera.

Hebu tujaribu kuyaona mambo kama walivyoyaona waliosimama juu ya ukuta. Ni mji uliozoea maadui wa nchi kavu. Ukuta wake haukuwa na maana yoyote kwa chombo kinachokuja kwa njia ya maji kikitoa moshi, kikiwa na bunduki, na juu yake watu wa dini nyingine wasemao kwamba wamekuja kuangalia tu mto unakotoka. Biashara hawakuleta ya maana. Ndugu hawakuwa nao. Mtu wa cheo kama Baroni hakuondoka Unguja bila ya barua za Sayyid Majid, na barua hizo zilisomwa kwa heshima Kismayu na Baraawe. Huku juu hazikuwa na uzito. Bardera haikumlipa Sultani ushuru wala haikumwogopa. Kama ingekuwa inajali mabwana wa pwani, isingeishambulia Baraawe miaka 25 kabla yake.

Hata hivyo wakati huo hawakumdhuru. Merikebu ikaendelea juu, na maili chache mbele ya mji, tarehe 26 Septemba 1865, ikapanda mawe penye mkondo mkali. Chuma kikatoboka, maji yakaingia. Pale pale ule ubora wote wa Hamburg ukageuka kuwa mzigo. Msafiri wa miguu akipoteza punda mmoja huendelea na wengine. Baroni alikuwa ameweka kila kitu ndani ya chombo kimoja.

Walipiga kambi ukingoni. Baroni akamchukua Dokta Link na watu wachache, wakateremka kwa mashua kurudi Bardera kutafuta msaada. Alipokuwa huko, tarehe 1 Oktoba, kambi ikashambuliwa kwa mikuki. Trenn mchoraji na Kanter fundi wakafa. Wenzao wakawafukuza washambuliaji kwa bunduki, kisha wakaona hawawezi kukaa. Wakaingia mashuani wakateremka mto usiku na mchana hadi baharini, na hatimaye wakafika Unguja na habari nusu: walijua kwamba kambi imevunjika, lakini juu ya Baroni hawakuwa na hakika.

Yeye aliuawa Bardera tarehe 2 Oktoba 1865, na Dokta Link aliuawa pia. Baroni alikuwa na umri wa miaka 32.

Vitabu vya Wazungu vya karne ile vimelieleza tendo hilo kwa maneno mawili tu, ushenzi na chuki ya dini. Naona maelezo hayo ni ya uvivu. Kwa upande mwingine nimewasikia vijana wa siku hizi wakisema kwamba Bardera ilimwua mkoloni na mambo yakaisha. Hilo nalo ni la uvivu, na kwa Mwislamu lina hatari zaidi. Mtu aliyekuja mlangoni chombo chake kimevunjika, anaomba msaada, ni mgeni, na heshima ya mgeni kwa Msomali na kwa Mswahili haihitaji kuelezwa. Sheria yetu inajua mtu aliyepewa amani, naye hata akiwa wa dini nyingine damu yake haiguswi. Swali ni kama Bardera walimpa amani hiyo au walimwacha apite tu kwa kuwa hawakuweza kuizuia merikebu. Kama walimpa, walivunja ahadi, wala moto wa mwaka 1843 hauwi udhuru. Kama hawakumpa, basi alirudi bila silaha ya moshi katika mji uliokuwa ukimngoja. Wallahu aalam.

Lakini liko jambo ambalo Bardera hawakulijua, wala hawakuweza kulijua, nalo linatuhusu sisi wa Mombasa kuliko wao. Katika vitabu vyetu vya shule watu kama Baroni waliitwa wapelelezi. Neno hilo la Kiswahili lina nyuso mbili: mpelelezi ni atafutaye kujua nchi, na mpelelezi ni atumwaye na adui. Sasa, Baroni aliwaandikia watu wa kwao kwamba pwani hii ingefaa sana kwa koloni, kwamba koloni hilo lingestawi kwa muda mfupi, na kwamba lingekuwa jambo la maana kuutafuta wasaa wa kuununua mji wa Mombasa kutoka kwa Sultani, ili biashara yote ya bara ishikwe hapo. Maneno hayo Kersten aliyatangaza baadaye kwa Wajerumani, nao waliokuwa na hamu ya makoloni waliyasoma kwa furaha.

Mombasa kununuliwa! Kama mbuzi wa mnada! Na mwandishi wa barua hiyo alikuwa ameketi barazani kwetu, akanywa kahawa yetu, na Liwali akamtafutia wapagazi. Sisemi kwamba alitumwa na serikali, kwani hakutumwa. Alitumia mali yake mwenyewe, na vipimo vyake vya Kilimanjaro vilikuwa elimu ya kweli, si kisingizio. Ila mtu mmoja aliweza kuwa na nyuso zote mbili za neno lile bila hata yeye mwenyewe kuhisi tabu. Asubuhi anapima joto la hewa, jioni anaandika bei ya mji. Mwaka 1865 mtu wa Mombasa angelimwona ni bwana mpole mwenye adabu. Wale wa juu ya ukuta wa Bardera, ambao hawakuwa na elimu ya barua zake, walimdhania ubaya. Ajabu ni kwamba juu ya makusudio yake, si juu ya damu yake, waliokosea ni sisi.

Mama yake, Adelheid, aliyekuwa ameolewa mara ya pili katika ukoo wa wana wa wafalme wa Pless, hakukubali upesi kwamba mwanawe amekufa. Watu walipelekwa kumtafuta. Theodor Kinzelbach alikwenda mpaka Mogadishu, akafia huko mwaka 1868. Mama akagharamia pia kuandikwa kwa safari zote za mwanawe. Kersten akatoa majuzuu makubwa kule Leipzig, kuanzia mwaka 1869 hadi 1879, yenye ramani, ndege, wadudu, mimea na picha. Humo ndimo hondohondo wetu, pamoja na mmea mmoja mkubwa wa Kilimanjaro na kima mweupe wa Bukini, walipoingia katika jamaa ya watu wenye jina la Decken. Ufalme wa Hannover, ambao jina la wafalme wake alilibandika kwenye merikebu, haukudumu hata mwaka mmoja baada yake. Uliliwa na Prussia mwaka 1866.

Katika waliotumwa kumtafuta alikuwamo na Richard Brenner, yule mwindaji aliyenusurika kambini. Brenner alirudi pwani mwaka 1866, na katika kuzunguka kwake akafika Witu. Witu nao ni mji wa namna ya Bardera, uliokua ndani ya boma msituni, si mbali na mto Ozi, isipokuwa mlinzi wake hakuwa sheikh bali mfalme aliyekimbizwa: Ahmad Fumo Luti Nabahani, tumwitaye Simba, aliyekuwa amefukuzwa Pate na Siyu na majeshi ya Unguja. Simba alimpokea Mjerumani vizuri. Hakuwa na ukuta wa kutosha dhidi ya Sayyid Majid, na alitafuta rafiki wa mbali. Mwaka 1867 akamtaka Brenner amfikishie mfalme wa Prussia ombi la urafiki na ulinzi.

Ombi hilo lilikaa miaka 18. Mwaka 1885 ndugu wawili wa Denhardt walilifufua, Simba akatia sahihi, na Witu ikawekwa chini ya bendera ya Ujerumani. Simba alifariki mwaka 1888. Mwaka 1890 Wajerumani wakaiachia Uingereza nchi hiyo katika mapatano yao ya Ulaya, bila kumwuliza mtu wa Witu hata mmoja. Baada ya Wajerumani kadhaa kuuawa huko mwezi wa Septemba, Oktoba ya mwaka huo huo Admeri Fremantle alipanda na askari wake kutoka baharini akauchoma mji. Kwa hiyo Bardera, iliyomwua mgeni, na Witu, iliyomkaribisha, zote mbili zilipata kuonja moto, moja mikononi mwa Mwislamu mwenzake, na nyingine mikononi mwa wageni.

Welf ilibaki mtoni. Mwaka 1892 Kamanda Dundas, Mwingereza, alipanda Juba kwa merikebu ndogo ya moshi iitwayo Kenia, akafika Bardera, na juu ya mji, penye mawe, akayakuta mabaki ya merikebu ya Baroni yangali yamekaa pale pale yalipokwama miaka 27 kabla yake, maji ya masika yakipita juu yake na ya kiangazi yakiifunua.